Stesheni Iliyofundisha Nairobi Kutweng'

Wasee, leo si stori ya nani ameachana na nani. Leo ni historia, na kabla upite, sikiza hii moja tu. Ile sauti unayosikia kwenye podikasti karibu kila wiki, ya msee wa Umoja anayeongea ni kama alilelewa Atlanta, ina mwaka wa kuzaliwa na ina mahali pa kuzaliwa. Mwaka ni 1996. Mahali ni katikati ya Nairobi. Namba yake kwenye redio ni 98.4.

Naongea kuhusu Capital FM. Najua wengi wa rika langu tunaijua kama tovuti ya habari, ama kile kitu dereva wa teksi ameweka ukiingia kwa gari. Mimi mwenyewe ilianza kabla nizaliwe. Lakini karibu kila kitu tunachofanya na simu zetu sai kilijaribiwa kwanza pale: kuongea upuzi asubuhi ili watu wacheke wakienda job, kujifanya rafiki wa mtu ambaye hujawahi kumwona, na kulipwa na kampuni ya sabuni juu huyo mtu anakuamini. Na swali lililokuja na hiyo stesheni bado liko hapa na sisi: sauti gani inaruhusiwa kusikika, na ni nani anaamua?

Kabla ya 98.4

Ili uelewe ilikuwaje, toa kichwani kila stesheni unayoijua. Toa Kiss, toa Jambo, toa Citizen, toa Kameme, toa Ghetto. Baki na shirika moja tu. Hiyo ndiyo Kenya ya redio hadi katikati ya miaka ya 90.

Serikali ilichukua redio mwaka wa 1964 na kuiita Voice of Kenya. Mwaka wa 1989 ikawa KBC. Jina lilibadilika, mwenye nyumba hakubadilika. Kulikuwa na idhaa ya Kiswahili, idhaa ya Kingereza na vipindi vya lugha zingine, lakini zote zilikula kwa sufuria moja. Habari ilianza na kile Rais alifanya siku hiyo, hata kama alichofanya ni kuenda kanisani. Kisha kulikuwa na matangazo ya vifo: fulani mwana wa fulani, kaka ya fulani anayefanya kazi Mombasa, mazishi ni Jumamosi. Usicheke. Hakukuwa na grupu ya WhatsApp ya familia. Redio ndiyo ilikuwa grupu ya familia, ya nchi nzima.

Na haikuwa mbaya yote. Leonard Mambo Mbotela alianza kuuliza Wakenya "Je, Huu ni Ungwana?" mwaka wa 1966, na akaendelea kuuliza kwa miongo. Alipoaga Februari 2025, hata watu wa umri wangu ambao hatukuwahi kumsikiza vizuri tulijua kuna kitu kimeondoka.

Lakini ni huyohuyo Mambo anayetuonyesha kwa nini serikali ilishikilia redio kwa mikono miwili. Asubuhi ya Agosti 1, 1982, wanajeshi waliotaka kupindua serikali ya Moi walimtoa kwake, wakampeleka studio, na kumlazimisha atangaze kwamba serikali imeanguka. Hebu fikiria hiyo. Hawakukimbilia benki kwanza. Walikimbilia mtangazaji. Mapinduzi yalizimwa, lakini somo lilibaki: mwenye kipaza sauti ndiye mwenye nchi, hata kama ni kwa masaa machache.

Ndiyo maana mambo yalifunguka kwa mpangilio wa ajabu. Televisheni ya kibinafsi, KTN, ilikuja 1990. Redio bado. Ukiangalia vizuri inaleta maana. Televisheni wakati huo ilikuwa ya mwenye stima na mwenye pesa. Redio ilikuwa ya betri mbili, iko jikoni, iko shambani, iko kwa askari wa usiku. Mwisho wa 1991 chama kimoja kikaisha kisheria, uchaguzi wa vyama vingi ukafanyika 1992, magazeti yakaanza kupiga kelele, na redio bado ilikuwa ile moja. Uganda walitupita. Mwaka wa 1993 Kampala ilikuwa na Sanyu FM na Capital Radio, ambayo si hii yetu, majina tu yamefanana. Shika hapo Kampala, tutarudi.

Kwa nini hao walipewa?

Mwaka wa 1996 Capital FM ikaingia hewani, stesheni ya kwanza ya FM ya kibinafsi Kenya. Mwaka huohuo KBC nayo ikaleta Metro FM, 101.9, juu hakuna mtu anapenda kuachwa nyuma na mtoto.

Swali ambalo watu hawaulizi ni hili: kama gava iliogopa redio hivyo, iliachilia aje hii? Maoni yangu, na hii ni maoni, ni kwamba Capital ilikuwa stesheni ambayo haingetisha mtu yeyote. Angalia. Kwanza, mawimbi ya FM huenda moja kwa moja. Yakikutana na mlima yanakwama, na yakitoka nje ya mji kidogo yanachoka. Ile ya KBC ya zamani ya masafa ya kati ilivuka kaunti baada ya kaunti. FM ni ya mji na majirani zake. Pili, ilitangaza kwa Kingereza. Tatu, ilikuwa ya muziki. Ukijumlisha unapata kitu ambacho mkulima wa Kisii hataskia, na akiskia hataelewa, na akielewa ni R&B. Nani atapindua serikali na R&B?

Lakini kuna kitu hapo ambacho naona hawakupiga hesabu. Ukizoesha watu kusikia redio bila kuogopa, hawarudi tena kwa ile ya kuogopa.

Jaribu kujiweka kwa viatu vya msee wa miaka 19 wa mwaka huo. Jana redio ilikuwa mwalimu mkuu anasoma ratiba. Leo kuna mtu anacheka hewani. Anacheka tu! Anasema amechelewa kwa sababu ya jam ya Uhuru Highway, jam ileile umetoka. Wimbo unaanza kabla amalize sentensi. Hakuna vifo, hakuna Rais amefungua nini. Kuna jingo, kuna shindano la kupiga simu ushinde tiketi, kuna mtu ametaja jina lako na la dem wako. Kanda tupu ziliisha madukani juu kila mtu alikuwa anarekodi, kidole kwenye kitufe, akiomba presenta asiongee juu ya intro.

Na presenta alikuwa anatweng'. Hapa ndipo kiini cha stori yetu kiko. Kutweng', kwa wale wa nje ya Nairobi, ni kuongea Kingereza kwa pua, na lafudhi ambayo pasipoti yako haijui. Wengine walikuwa wamesoma ama kukulia majuu kweli, kwa hiyo si kulaumu. Wengine waliokota tu. KBC ilikuwa na Kingereza chake pia, cha mwalimu wa zamani aliyefundishwa na Mwingereza. Capital ilileta cha Marekani. Kwa mara ya kwanza, sauti ya mtu mkubwa kwenye redio haikuwa ya serikali. Ilikuwa ya babi.

Fuata pesa

Usidhani ni mapenzi ya Kingereza tu. Stesheni ya biashara haiuzi muziki. Muziki ni chambo. Inachouza ni masikio yako, na mnunuzi ni mwenye tangazo. Mwaka wa 1996 mwenye tangazo la gari, benki, au tiketi ya ndege alitaka masikio ya Westlands, Lavington na Karen, na ya wale wa South B na Buruburu wanaotaka kufika huko. KBC ilikuwa na mamilioni ya wasikilizaji. Capital ilikuwa na wachache lakini wenye waleti. Ikathibitisha kitu ambacho kilikuwa hakijathibitishwa hapa Kenya: kwamba redio inaweza kujilipia yenyewe bila serikali, kwa matangazo.

Studio zake zimekaa miaka mingi juu kabisa ya Lonrho House, Standard Street. Mimi hupenda hiyo picha. Juu kwenye jengo refu, ukiangalia mashariki unaona Eastlands yote, mabati yaking'aa. Na chini huko Dandora, wakati huohuo, kuna vijana watatu wanaitwa Kalamashaka wanarap kwa Kiswahili na Sheng. "Tafsiri Hii" ilitoka 1997. Mwaka huo pia Hardstone akatoa "Uhiki", ambayo ilichukua Kikuyu na kukikalisha kwenye mdundo ambao mji ulikuwa tayari unaupenda. Nyimbo zote mbili zilipita kwa mikono ya produsa Tedd Josiah. Mji ulikuwa na sauti yake mpya, tayari, moto. Lakini ukifungua redio ya kisasa, nyingi ya masaa ilikuwa ni Marekani na Uingereza.

Tiketi ya basi

Alafu ikafika 1999, na hiki ndicho kipande ninachokipenda zaidi kwenye hii historia yote.

Capital FM ilifanya shindano la kutafuta nyota wa muziki. Aliyeshinda ni kijana wa Chuo Kikuu cha Nairobi aliyekuwa anasomea usanifu wa majengo, anaitwa David Mathenge. Hakuwa na jina la kisanii, kwa hiyo akajiita Nameless. Wimbo wake ulikuwa "Megarider".

Kama hujui, Megarider ilikuwa tiketi ya basi. Ya kuabiri basi za mji bila kulipa kila safari. Yaani stesheni ya watu wa magari, iliyojengwa juu ya matangazo ya magari, ilifungua mlango kidogo kuona nani yuko nje, na aliyeingia alikuwa jamaa anaimba kuhusu kukatia dem bila gari, na basi ndiyo anayo. Na mji ukaupenda. Watu wa Lavington wakaupenda. Watu wa basi ndio usiseme.

Kwangu mimi huo ni wakati muhimu kuliko siku ya kuzinduliwa. Kuanzia 1996 stesheni ilikuwa inaambia Nairobi vile inafaa kusikika. Mwaka wa 1999 Nairobi ikajibu, kwenye masafa yaleyale, kwa lugha yake, na tiketi mkononi. Nameless baadaye akaenda kwa Ogopa Deejays, akakutana na kina E-Sir, na wakapiga "Boomba Train". E-Sir aliaga Machi 2003 kwa ajali akitoka Nakuru, lakini kufika hapo hakuna presenta angesema muziki wa Kenya hauwezi kukaa karibu na wa nje. Jua Cali na Nonini walikuwa tayari wanaleta genge kutoka California, ile ya Eastleigh si ile ya Marekani.

Waliobaki nje wakajenga yao

Sasa angalia kilichofuata, juu hapa ndipo unaona stesheni moja inaweza kuzaa hata ambao hawakupenda sura yake. Kila stesheni kubwa iliyokuja baadaye ilikuwa jibu kwa mtu ambaye Capital haikumwita.

Royal Media ya S. K. Macharia ikaanza mwaka wa 1999, na Radio Citizen ikachukua Kiswahili, ikachukua yule mkulima ambaye FM ya mji ilimruka. Kameme ikaja 2000 kwa Kikuyu, na kumbe lugha ya mama nayo ina waleti! Milango ya Kiluo, Kikalenjin, Kikamba na zingine ikafunguka nyuma yake. Kutoka Kampala, nilikwambia tutarudi, wakaja Patrick Quarcoo na William Pike, waliokuwa wameanzisha ile Capital Radio ya Uganda. Hapa Nairobi wakaleta Kiss 100. Kiss ilikuwa Kingereza pia, lakini Kingereza cha kupigana: siasa, udaku, kuita mkubwa jina lake hewani asubuhi. Na sauti iliyobeba hiyo asubuhi, Caroline Mutoko, ilikuwa imetoka wapi? Capital. Leo yuko YouTube. Hiyo safari yake peke yake ni somo la historia: 98.4, Kiss, simu yako.

Na jibu kali zaidi lilikuwa Ghetto Radio, 89.5, ambayo ilichukua Sheng na kuifanya lugha rasmi ya stesheni. Habari kwa Sheng. Hali ya barabara kwa Sheng. Mmoja wa waliosimamia hiyo stesheni ni Maji Maji, wa Gidi Gidi Maji Maji, walewale wa "Unbwogable" ya 2002 iliyobeba kampeni ya NARC. Mwenzake Gidi ndiye yuko Radio Jambo asubuhi akipatanisha bibi na bwana. Miaka 20 kabla mtu wa Sheng alikuwa anapigwa kiboko shuleni kwa kuongea hivyo. Sasa akawa analipwa mshahara nayo.

Capital yenyewe haikukaa tu. Ikawa mali ya Chris Kirubi, mmoja wa matajiri wakubwa nchi hii, ambaye alikuwa anaingia studio mwenyewe na kucheza muziki kama DJ CK. Mzee wa mabilioni na hedifoni. Vijana walimcheka kwenye Twitter na #AskKirubi, na yeye akawa anawajibu. Aliaga Juni 2021. Kabla ya hapo stesheni ilikuwa imelea kizazi kingine, kile cha Eve D'Souza na Hits Not Homework, kipindi ambacho jina lake tu lilikuwa uasi kwa mtoto wa shule. Na ikaingia intaneti mapema kuliko wengi.

Deni lililobaki

Sasa kuna watu wakisoma hapa watasema, ni hivyo tu, Capital ilikuwa mkoloni na spika. Mimi siendi huko. Bila mtu kuonyesha kwamba matangazo yanaweza kulipa bili, sioni Kameme, sioni Ghetto, na sijioni mimi. Kutoka shirika moja hadi zaidi ya stesheni 100 si kitu kidogo, na mtu alikuwa lazima awe wa kwanza.

Lakini kuna deni. Wa kwanza ndiye huweka kipimo. Na kipimo kilichowekwa 1996 kilikuwa kwamba sauti ya mafanikio haitoki mtaani. Wengi waliokuja walikipinga, lakini wenye pesa za matangazo hawajakisahau.

Najua kwa sababu kimenigusa. Niliacha chuo mwaka wa pili nikaanza kurekodi video, na mwaka jana kampuni fulani, sitaitaja, ilinilipa nifanye tangazo. Walinitafuta wenyewe. Walisema wanapenda vile naongea, ni halisi, ni ya mtaa. Nikarekodi. Wakarudisha na ujumbe mfupi: script iko sawa, lakini rudia kwa sauti safi. Nikauliza safi ni gani. Wakanitumia mfano. Ulikuwa wa jamaa anatweng'.

Nilirudia, juu kodi haijui kanuni. Lakini nikakaa na hilo neno, safi. Kwa hiyo ya kwangu ni chafu? Na ilinichukua wiki kadhaa za kusoma na kuuliza wazee ndio nikaona kwamba yule dada wa kampuni hakulivumbua. Alilikuta. Labda alikulia gari ya babake ikiwa imewekwa 98.4. Anapima sauti yangu kwa rula aliyoachiwa.

Na kuna kitu kingine kinachonisumbua zaidi. Stesheni ya Standard Street, na ubabi wake wote, ilikuwa na mlango. Msanii angepanda lifti na CD kwa bahasha, akae risepsheni hadi achoke kufukuzwa. Wasanii wamelalamika miaka mingi kwamba hapo mlangoni kwa stesheni nyingi uliitishwa kitu kidogo, na najua hilo si hekaya. Lakini kulikuwa na mtu wa kumlalamikia. Kulikuwa na shindano ambalo jamaa wa basi angeshinda. Sai mwenye kuamua kama mtasikia hii kazi yangu ni mtambo ulio nchi nyingine, hauna risepsheni, haujui Dandora ni wapi, na hautawahi kufanya star search ya Nairobi. Tulitoka kwa redio ya serikali tukaenda kwa redio ya tajiri, na sasa tuko kwa redio isiyo na mtu ndani.

Ndiyo maana nasema historia hii si ya wazee. Kama hatujui rula ilitoka wapi tutaendelea kujipima nayo tukidhani ni mwili wetu uko na shida.

Kwa hiyo naomba kitu kimoja, na ni cha mkono. Zile kanda watu walirekodi kutoka redioni miaka ya 90 bado ziko: kwa droo ya mama, kwa katoni chini ya kitanda cha anko, kwa gari mbovu iliyosimama ushago. Mwanzo wa nyimbo kuna presenta anaongea, katikati kuna tangazo la kitu ambacho hakiuzwi tena, mwisho kuna mtu wa Kariobangi amepiga simu kusalimia watu wake. Hiyo ndiyo redio yenyewe, venye ilisikika kwa aliyesikiza. Zitafute. Usirekodi juu yake, usitupe, usiwape watoto wacheze na ule utepe. Tafuta fundi wa redio mtaani mwenye deki inayofanya kazi, weka simu karibu na spika, na urekodi hata kama itakuwa na makelele. Alafu umuulize mwenye kanda alikuwa wapi siku hiyo. Mimi nimepata tatu kufikia sasa. Moja ina "Megarider", imekatwa mwishoni, na presenta anacheka.